Tarakimu Nyekundu

Storskär, 3 Machi

Mke mwenzangu Tyra,

Mimi mzima, ila magoti ndiyo yanajifanya yana miaka mia. Wewe je, unakula, au mnalishwa vitabu tu huko shuleni?

Bili ya maji imekuja. Euro elfu kumi na mbili na ushei. Eti kwa mwaka nimetumia uniti 6,261, mimi na kondoo kumi na wanne. Nilipowapigia simu watu wa maji, bwana mmoja akanijibu kwa Kifini cha haraka, nami Kiswidi ndicho changu: kadi ya kujazia namba za mita imetoka kwako, lipa kabla ya tarehe 28 au tunakata maji. Nikamwambia kadi aliijaza mjukuu wangu Oktoba, na huyo hakosei. Akakata simu kabla sijamaliza.

Kondoo wanazaa mwezi ujao, bila maji siwezi. Jirani Ragnvald ameshakuja kuupima msitu wa babu yako kwa macho. Barua yao nimeiweka humu, nisomee upande wa nyuma.

Bibi yako Gunvor

Vaasa, 7 Machi

Shikamoo Bibi,

Sijambo, na nakula. Usiuze mti hata mmoja. Upande wa nyuma, kwa herufi za kutafutia miwani, wameandika kwamba ukipinga bili kwa maandishi ndani ya siku kumi na nne, maji hayakatwi mpaka usikilizwe na kamati. Yule wa simu hakukwambia hilo. Pingamizi nimeliandika kwa Kifini na Kiswidi. Lisaini, litume kwa rejista, utunze risiti.

Ukienda kusikilizwa nitakuwa pembeni yako. Ila usiniombe niongee. Unanijua, hata mkate dukani naunyooshea kidole.

Kuna jambo jingine. Nitakuandikia siku nyingine.

Mjukuu wako

Storskär, 20 Machi

Mke mwenzangu,

Huku kisiwani salama, natumaini na huko. Maji hayakatwi! Kikao ni tarehe 14 Aprili. Kwa wakati huo barafu ya bahari tunayoivuka wakati wa baridi haibebi tena gari na feri bado haijaanza, kwa hiyo sifiki. Nimesaini karatasi kwamba utaniwakilisha wewe. Najua, najua. Lakini nimtume nani, Ragnvald? Waambie mita yao mbovu, au wao wezi. Chagua mwenyewe.

Bibi yako

Vaasa, 15 Aprili

Shikamoo Bibi,

Natumaini wana-kondoo wamefika salama. Lile jambo ni hili. Mita ina tarakimu nne nyeusi na moja nyekundu. Nyekundu ni sehemu ya kumi tu, haiandikwi. Kadi ina visanduku vitano, nami nikavijaza vyote, namba ikasomeka mara kumi. Nililijua kosa siku ile ile uliponiandikia kwamba sikosei. Nikaona haya, nikanyamaza, na huku Ragnvald anapima miti.

Kikaoni mwenyekiti, mama mmoja mpole, aliniuliza, "Haya binti, bibi yako anasemaje?" Nikanywa maji yao.

"Bibi anasema mita ni mbovu. Mimi nasema nilikosea kuisoma."

Bwana aliyekuja kuitetea bili akacheka. "Basi kesi imekwisha. Mkosaji kajitaja."

Nilijishangaa nikimjibu. "Nimekosea tarakimu moja. Ninyi mliona uniti elfu sita kwa bibi mmoja na hamkuuliza. Mkatishia kumkatia bila kumwambia ana haki ya kupinga. Hata aliyekosea husikilizwa kwanza."

"Bwana Tarmo, nyamaza kidogo," mwenyekiti akasema. "Endelea, binti."

Nikaendelea dakika kumi, Bibi. Mimi!

Feri ikianza watatuma mtu asome mita mbele yako. Usisaini kabla hujaziona namba. Kama umenikasirikia, niandikie hivyo.

Mjukuu wako

Storskär, 3 Mei

Mke mwenzangu,

Wana-kondoo ishirini na mmoja, wote wanapiga kelele, nami mzima. Barua yako ilingoja ng'ambo ikaja feri moja na kijana wa mita. Nimeisomea mdomoni mwa shimo la mita, yeye akiwa chini. Nikamwambia, "Nyeusi tu, mwanangu. Nyekundu niachie." Akasoma 0721. Basi Oktoba ilikuwa 0687 na nyekundu 3; hiyo 6873 ya kwenye kadi ingetoka wapi? Jibu la kamati limekuja leo, kwa lugha zote mbili: uniti sabini na tano kwa mwaka, na wanaomba radhi.

Ragnvald kauliza tena habari za msitu. Nimemwambia aandike pingamizi.

Nilikasirika, ndiyo, tangu shimoni mpaka mlangoni. Kisha nikachemsha kahawa. Kadi mpya, ya Oktoba ijayo, nimeiweka juu ya friji. Njoo uijaze wewe.

Bibi yako