Betri Yako Ilipiga Kelele Matangani

Mwalimu,

Msimu mwingine wa kupanda umepita na mbolea imefika Awasi mvua ikiwa imekwisha. Baba yangu amepanda mahindi bila chochote, na yamekuwa ya manjano kama ulivyosema. Ningefurahi kukuletea habari nyingine.

Nakumbuka nikiwa kidato cha tatu ulivyong'oa betri ya gari lako ukaileta maabara, kwa kuwa mkuu wa shule alikataa kukununulia ya majaribio. Tangu siku hiyo ulitembea kutoka Mamboleo kwa miguu, na watu wakakucheka: mwalimu ana gari na vumbi mpaka magotini! Ulichomeka vijiti viwili vya kaboni ndani ya maji yenye tone la asidi, mapovu yakapanda ndani ya neli. Nikasogeza kijiti cha moto kwenye mdomo wa neli, ikalia pa! Nikaruka. Ukacheka mpaka ukavua miwani.

"Nyathina," ukaniambia, mwanangu, "amonia ya mbolea ni naitrojeni ya hewa na haidrojeni. Hewa tunayo. Sasa haidrojeni umeitoa wapi?" Ukatueleza kwamba viwanda vya ng'ambo huitoa kwenye gesi ya ardhini na kuacha hewa chafu nyuma. Sisi tuna Mto Sondu unaoporomoka bure. Umeme wake ungeweza kuitoa kwenye maji. Ulijua kazi ya kuziunganisha inataka joto na mgandamizo mkubwa, si neli za shule. Ulitaka tu tuanze kuuliza.

Mkuu wa shule alisema hilo halimo kwenye mtihani. Akafunga kabati la vifaa, nawe ukaendelea kutuonyesha kwenye kizingiti cha dirisha.

Halafu, miaka kadhaa baadaye, malaria ikakuchukua. Siku nne tu, Mwalimu. Hata sikukuaga.

Sasa nikuambie nililofanya, maana hakuna mwingine wa kukuambia. Wakati huo nilikuwa nimerudi pale pale kufundisha, na ufunguo wa maabara ulikuwa kwangu. Kamati ya mazishi ikaja: "Madam, leta hiyo betri, wageni watasikiaje hotuba?" Nikaibeba mwenyewe. Nilitaka uzikwe kwa heshima, watu wajae, ng'ombe wachinjwe. Na nani alikuwa wa kwanza kushika kipaza sauti? Mkuu wa shule. Akakuita taa ya elimu. Sauti yake ilifika mpaka barabarani, kwa nguvu ya betri uliyoing'oa garini kwa sababu yeye alikunyima. Nilikaa pale na kitambaa changu cha kichwa mpaka akamaliza. Nina hasira naye, lakini zaidi nina hasira na nafsi yangu.

Waliitumia kupigia muziki siku zote za matanga. Ilirudi haiwezi kuwasha hata balbu. Miezi minane imekaa chini ya meza yangu. Juzi niliipeleka kwa fundi Mamboleo, akaijaza maji na chaji, na jana mapovu yalipanda tena, polepole.

Ijumaa nitawaonyesha kidato cha tatu. Mkuu amesema nikifanya hivyo nitahamishwa. Na anihamishe, nitaondoka na betri. Kila darasa nitakalopewa nitaliuliza swali lako, na hakuna atakayetoka kabla ya kujaribu kulijibu.

Lala salama, Mwalimu. Mume wangu nimeshamwambia: siku yangu ikifika, betri hii isitoke maabara. Anayetaka kunisifu apige kelele kwa mapafu yake mwenyewe.

Mwanafunzi wako,
Atieno