Sauti Iliyokatika Kanisani

Mjukuu wangu Kemunto,

Hapa Ikonge tuko salama, na ng'ombe amezaa. Unauliza utaongeaje mbele ya wenzako kazini bila kuogopa watakavyokuona.

Nilipoolewa huku kutoka Kisii mjini, niliimba peke yangu kanisani, sauti ikakatika katikati ya wimbo. Kwa aibu nikaanza kuwakwepa wanawake wa kwaya, hata sokoni. Siku moja kiongozi wao, Moraa, alinijia nyumbani na ndizi.

“Mwanangu, tulikukosea nini? Tulidhani wewe wa mjini umetuona washamba.”

Nikamweleza kuhusu wimbo. Alicheka kwamba kumbe kila mmoja aliogopa mwenzake anavyomwona, nami nikacheka.

Jumamosi iliyofuata, siku yetu ya ibada, niliimba tena kanisani. Sauti ilitetemeka vilevile, lakini nilifika mwisho.

Nakuombea,
Nyanya yako