Kesi Iliyofia Mezani kwa Kumbaro

Mama Poliksena mpendwa, nisikilize na unisaidie kabla sijasaini kitu nitakachokijutia, maana wakili amenipa mpaka Ijumaa, na hapa nyumbani mume wangu amenuna, ananisemesha kupitia kwa paka.

Mwezi wa kumi niligombea uenyekiti wa kijiji chetu, Kastanoriza, huku juu milimani, nikashindwa kwa kura tano na Argyris, ambaye ni mwenyekiti tangu kabla binti yangu hajazaliwa, na ndiye pia aliyemsimamia binti huyo ubatizo, kwa hiyo yeye ni kumbaro wangu nami kumbara wake, na mtu hagombani na kumbaro wake ila kwenye uchaguzi. Sasa bibi zetu tisa wa mtaa wa juu walinipigia kura mimi, kijiji kizima kinajua, wanataka zahanati ifunguliwe tena kwa sababu daktari yuko mjini na wao na magoti yao hawafiki huko, lakini kila mmoja alitia ndani ya bahasha jani la mrehani alilopewa kanisani Sikukuu ya Msalaba, ili kura iende na baraka, na wasimamizi wakasema hiyo ni alama ya kumtambulisha mpiga kura, wakazibatilisha zote tisa.

Nikafungua shauri mahakamani, wakili akasema kesi ni nzuri, sharti ni moja tu, mpeleka hati wa mahakama amkabidhi Argyris nakala mkononi kabla muda haujaisha, basi kuandika tukachelewa, kusaini tukachelewa, na siku ya mwisho ikaangukia sikukuu ya jina la Argyris, na wewe unajua siku hiyo mlango huwa wazi na hakuna anayengoja kualikwa, nami nilikuwa jikoni kwake tangu asubuhi namsaidia mkewe na pai za jibini, mara namwona dirishani yule mtu anapanda na mkoba wake, nikatoka mbio na aproni yangu.

"We baba, siku zote hizo umechagua leo?" nikamwambia. "Huoni watu wanakula?"

"Mama, mimi nina hati, sina sikukuu."

"Ingia ule kwanza. Hati haisikii njaa."

Ndipo Argyris akapaza sauti kutoka ndani, "Nani huyo mlangoni? Mleteni kiti! Leo kwangu hakuna mgeni wa kusimama!" akammiminia tsipuro, pombe yetu kali ya zabibu, kwa mkono wake mwenyewe, mara ya kwanza, mara ya pili, yule mtu akala kondoo, akaimba, akalala kwenye benchi karibu na jiko, nami niliona aibu kumwamsha ili amkabidhi mwenye nyumba hati mbele ya wageni wake, nikajisemea ngoja kidogo, na ngoja kidogo hiyo ikafika giza, na giza likiingia sheria hairuhusu tena kukabidhi. Kesho yake alikabidhi, mahakama ikasema mmechelewa, shauri likatupwa bila hata bahasha moja kuangaliwa.

Sasa Bibi Chrysavgi wa mtaa wa juu kanisimamisha nje ya kanisa, "Tuliteremka na magongo yetu kukupigia kura, binti, nawe ukatuuza kwa sahani ya kondoo?" nikalia njia nzima. Wakili anasema tunaweza kukata rufaa kama nitaapa kwamba Argyris alijificha asikabidhiwe, na mpeleka hati yuko tayari kuapa hivyo hivyo maana anaogopa kupoteza kazi. Je, niape?

Wako, Kumbara mwenye soni.

MAMA POLIKSENA ANAJIBU

Mwanangu mwenye soni, nimesikia kesi zilizokufa kwa kukosa sahihi, nyingine kwa kupelekwa mahakama isiyohusika. Yako ni ya kwanza kuisikia iliyokufa kwa kushiba. Pole, nimecheka kwanza ndipo nikakuonea huruma.

Usiape. Argyris alijificha wapi, mwanangu? Alikuwa ameketi kichwani mwa meza, anapiga kelele, kijiji kizima kinamtazama, na padri bila shaka alikuwa kiti cha pili. Ukiapa kwamba alijificha, meza nzima itakuja mahakamani kukukana, nawe utatoka kwenye kesi ya uchaguzi uingie kwenye kesi ya jinai. Mpigie wakili leo, usingoje Ijumaa, umwambie hapana. Mpeleka hati naye ajitetee mwenyewe kuhusu usingizi wake.

Usijidanganye pia kwamba kumbaro wako ni mtu mkarimu tu. Mwenyekiti wa miaka yote hiyo anamwona mtu wa mahakama mlangoni na kuagiza kiti? Huyo alijua tarehe kuliko wakili wako. Lakini hakuvunja sheria yoyote. Alimlisha mgeni, na aliyemwingiza mgeni huyo ni wewe.

Hapa ndipo ninapokukasirikia. Unasema uliona aibu. Aibu ya nani? Kama kesi ingekuwa ya ukuta wa shamba lako, ningekusifu kwa adabu zako. Lakini zile kura hazikuwa zako. Zilikuwa za wanawake tisa wenye magoti mabovu, walikukabidhi wewe, na wewe ukaona ni afadhali wao wasihesabiwe kuliko Argyris kukatishwa chakula. Bibi Chrysavgi hajakosea sana.

Sasa fanya hivi. Jumapili watu wakitoka kanisani, mwombe Argyris daktari apande kijijini kila wiki. Mwombe kwa sauti, wote wakisikia. Anapenda kuonekana mkarimu, basi na awe mkarimu kwa jambo la maana. Akikubali, mwandikishe ahadi hiyo papo hapo na padri atie sahihi.

Lakini kabla ya Jumapili panda mtaa wa juu, peke yako. Usimsingizie wakili, usimtaje mpeleka hati. Waambie ulikuwa na nafasi ya kutetea kura zao, ukaiacha ipite. Watakusema mpaka wachoke. Kaa usikilize. Na Bibi Chrysavgi akishamaliza, muulize angependa daktari aje siku gani.