Mama, Buibui Hawakuwa na Makosa

Mama,

Sukuma wiki zako zilikufa. Nimeanza na hilo kwa sababu hukumpenda mtu anayezungukazunguka na habari mbaya.

Siku tuliyokuzika niliapa kwamba yale magunia manne juu ya paa, pale tunapoanika nguo, hayatakauka. Hukuwahi kununua mbegu. Nyanya alikupa kichipukizi ulipoolewa, ukakileta hapa Ngara kimefungwa kwa gazeti, na tangu hapo ni mche kuzaa mche. Zikiisha hizi, haziko duka lolote. Ndiyo maana niliogopa sana majani yalipoanza kutoboka.

Nikafanya ulivyonifundisha: nikashika ufagio, nikawaandama buibui. Si ulisema ule utando mweupe chini ya majani ni wao? "Maliza hao wezi!" Nikawamaliza. Mwezi haukuisha, magunia yakabaki na vijiti.

Jumamosi moja nikaketi kwenye ndoo, nikageuza jani la mwisho. Ule utando ulikuwa na kitu ndani, Mama! Nikauweka kwenye chupa ya jemu. Siku ya nne kakatoka kanondo kadogo, hakafiki urefu wa ukucha wa kidole changu cha mwisho. Kana rangi ya vumbi, na kakikunja mabawa unaona mgongoni vialmasi vya rangi ya maziwa. Karembo, kumbe ndiko mwizi. Nimesoma kwamba kanaruka giza likiingia, kanataga vijiyai vya manjano kwenye jani. Viwavi vya kijani vinatoka, vinakula, ukivigusa vinajiachilia na kuning'inia kwa uzi. Vikishiba vinajifumia ule utando, vinalala humo, vinaamka na mabawa. Na mlaji wao ni nani? Buibui. Miaka yote hiyo tulikuwa tunafukuza askari, tunamwachia mwizi nyumba.

Nilicheka peke yangu huko juu, halafu nikalia, kwa sababu nilishika simu nikupigie.

Jioni nikashuka kwa Mama Zuhura, wa ghorofa ya pili. Unakumbuka ulivyomsema? "Mtu mzima ametoka Mombasa kuja kufuga buibui kwenye veranda!" Nilienda kumwambia tu kwamba nimekuangusha. Alinishika mkono mpaka verandani, na hapo, kwenye debe lililotoboka, sukuma imenifika kiunoni, buibui wamejaa kila kona. Kumbe ulimpa kichipukizi alipomzaa Zuhura. Hukuniambia! Na sasa Zuhura yuko kidato cha tatu.

"Hizi ni za mamako," akasema. "Kata, mwanangu, kata."

Nilikata vichipukizi vitatu, nikavipanda kwenye magunia yako. Nimekumiss Mama, wacha tu, lakini asubuhi hizi naamka nina hamu ya kupanda ngazi. Vyote vimeshika. Kimoja kina jani jipya, na jani lenyewe lina tundu tayari. Sikukasirika. Kando yake buibui mmoja ameanza kufuma.

Pumzika sasa, Mama, usihangaike na huku. Nakuahidi magunia yako hayatakaa matupu, na Zuhura akiolewa ataondoka na kichipukizi chake kwenye gazeti.

Ufagio wako nimeushusha nyumbani. Huku juu hauna kazi tena.

Mwanao,
Wanjiru