Saa Kumi na Mbili kwa Kihispania

Peckham, London

Mjukuu wangu Zawadi,

Huku hatujambo. Mama yako kabadilishiwa zamu hospitalini, anafurahi. Unaniuliza kama uache kamera, maana huko Madrid wanakicheka Kihispania chako.

Katika filamu yangu ya kwanza huko kama mpiga picha, mwongozaji alituambia tufike saa "doce", yaani kumi na mbili. Alimaanisha adhuhuri. Mimi nikahesabu kwa saa za kwetu, nikafika jua likichomoza. Mlinzi akanifungulia. Nikakaa peke yangu katika jiko la kuigizia, nikaona mwanga ukipanda ukutani taratibu. Nikaupiga picha.

Wenzangu walipofika walicheka sana. Mwongozaji aliitazama picha, akaniuliza niliipiga saa ngapi. Kesho yake tulianza kazi alfajiri.

Tulifanya filamu nyingi pamoja. Kila alipoutaka mwanga ule, aliniambia kwa Kiswahili: "Saa kumi na mbili."

Babu yako