Mkono wa Kulia wa Baba

Alhamisi. Ukungu tangu alfajiri. Kutoka ghorofa ya thelathini huku Uarabuni, kwenye majengo ya Jumeirah Lake Towers, hata mnara wa jirani hauonekani. Kwetu Njombe hiyo ni asubuhi ya kawaida.

Nina hasira, na sehemu kubwa ya hasira hiyo ni juu yangu mwenyewe.

Mzee ninayemuuguza ni mwigizaji wa filamu kutoka Sweden. Alipanda jukwaani mara ya kwanza akiwa na miaka kumi na tisa, kazi yake kubeba kinara cha mishumaa na kunyamaza. Sasa ana themanini na nne. Hapo katikati amekuwa kasisi, mfalme, daktari, muuaji, na mume wa wake watatu, hao wa kweli. Mabango yake ndiyo ninayoyafuta vumbi kila Jumamosi. Amekufa kwa risasi, kwa sumu, kwa kuzama chini ya barafu. Lakini mtu akikata roho hasa, hajawahi kumwona. Mama yake alipofariki yeye alikuwa kazini. Mke wa pili, vivyo hivyo. Alinisimulia hayo huku akipaka mkate siagi.

Mimi nimeona, kwenye simu. Mwezi uliopita mdogo wangu Rehema aliishika simu juu ya kitanda, nikamwona Baba akipapasa upindo wa blanketi kwa kidole gumba, polepole, kama anayekagua kitambaa dukani. Akauliza, "Maharage mmeanua?" Basi, akaenda.

Niliomba ruhusa nikamzike. Sir, ndivyo ninavyomwita mzee, akasema filamu yake ya mwisho imekaribia, sasa nani atamwogesha? "Baada ya filamu, inshallah." Neno hilo amejifunza hapa, na hulitumia kukataa.

Siku chache baadaye alinishika mkono akaniuliza Baba alikufaje. Nilidhani ananipa pole. Nikamwambia yote, hata kidole. Sikuwa nimemwambia mtu mwingine. Sikuona kaburi wala sikutupa udongo. Dakika zile za kwenye simu ndizo fungu langu la msiba, na nilikuwa nazitunza.

Leo wapiga picha wamekuja kumrekodi chumbani kwake, maana hawezi tena kusafiri. Anaigiza mzee anayekufa. Wakanikalisha kando ya kamera ili apate mtu wa kumtazama.

Kidole gumba kikaanza kutembea kwenye upindo wa blanketi.

Akaniangalia, akauliza kwa Kiingereza kama matufaha yameshaingizwa ndani. Maharage, alinieleza baadaye, watu wa kwao wasingeyaelewa.

Nililia kwa sauti. Fundi wa sauti akavua hedifoni, akasema nimeharibu. Ikabidi warudie.

Mara ya pili nililia kimya. Ya tatu nikatazama zulia. Ya nne nilikuwa namkagua kama fundi cherehani anavyokagua mshono wa mwenzake, na nikasema, mimi mwenyewe, bila kuulizwa na mtu: "Sir, ulikuwa mkono wa kulia."

Ya tano ilikuwa kamili.

Mwongozaji alifuta machozi, akamuuliza ameyatoa wapi yale. Sir akagusa kifua chake. "Umri," akasema. Hakunitazama. Kisha akaomba chai, nami nikampelekea, na bado nikakumbuka kuipoza kwanza.

Ningemlaumuje, wakati mkono wa kulia nimempa mimi?

Ruhusa nimepata. Wiki mbili, kuanzia Jumapili. Ameisaini akicheka, anasema mimi ni mwalimu mzuri. Begi liko mlangoni, na Rehema nimeshamwandikia aniandalie mahali pa kulala.

Nimejaribu kufumba macho nimtafute Baba. Blanketi ni lilelile. Kidole kinatembea polepole kwenye upindo, mkono wa kulia, sawasawa kabisa.

Mkono ni mweupe.

Wiki ijayo nitasimama pale kaburini. Nitamlilia nani?