Matango Yanatoa Maji

Jumatatu, 4 Machi

Binti yangu kapiga simu mchana, mimi niko kwenye pasi, mvuke mpaka kwenye nywele. Amepandishwa cheo! Sasa ni mkuu wa kitengo. Nilipiga kigelegele mpaka Mama Mvuke, shoga yangu wa pasi ya pili, akadondosha shati la mteja.

Jumamosi anafanya pati kwake. Watu wa ofisini, na bosi wake. Anataka nimtengenezee sosi ya kuchovya, ya matango na majani. Nikamuuliza inapikwaje. Haipikwi, Mama. Inachemshwa? Haichemshwi. Sasa mimi nitengeneze nini hapo? Akacheka. Akasema atanitumia maelezo kwenye simu, na kwamba mkono anaouamini ni wangu.

Mkono wangu! Nimefurahi mpaka nimeunguza ukosi.

Ila hajasema nije saa ngapi. Kasahau. Ana mengi huyu mtoto.

Jumanne, 5 Machi

Maelezo yamekuja. Herufi kama sisimizi. Niliishia darasa la nne, nasoma, lakini kwa mwendo wangu — nikifika mwisho wa mstari simu imejizima, naanza upya. Nikampa baba watoto anisomee. Akavaa miwani yake, akavaa na yangu juu yake, akasema mabovu ni maandishi.

Kwa kifupi: tango, mtindi mzito, krimu, kitunguu saumu, limau, mnanaa, na majani fulani membamba kama manyoya ya kifaranga. Muuza mboga nilimwonyesha picha. Akasema ah, hayo huwa nampa sungura wangu. Nikamwambia basi sungura wako atafunga wiki hii, nipe.

Jioni nimejaribu. Nimekwangua matango mawili kwa kile kibati cha karoti, na kidole kidogo pia. Nikachanganya. Nzuri! Nzito, nyeupe, ina madoa ya kijani, mpaka nikaona haya kuitia kijiko. Nikaiacha mezani nikaenda kuanua nguo. Kurudi — bwawa! Maji juu, mtindi umezama chini. Baba watoto akachungulia bakuli, akauliza hii ni ya kunywa au ya kuogea.

Nimemwaga yote. Roho imeniuma.

Jumatano, 6 Machi

Asubuhi nilimweleza Mama Mvuke. Akanishangaa. Wewe miaka kumi na tisa unakamua shuka za watu, unashindwa na tango? Litie chumvi, liache litoke jasho, kisha likamue kwenye kitambaa kama soksi.

Kweli kabisa! Nilijiona mjinga. Nikaomba kitambaa cha mezani, kile cheupe cha pamba, tulikifua wenyewe jana, safi hata mgonjwa angefungiwa kidonda. Nyumbani nikakamua mpaka mishipa ikasimama. Tango likabaki kavu. Nikachanganya, nikakaa mbele ya bakuli saa nzima, naangalia saa ya ukutani. Halikutoa tone! Nikaonja.

Sabuni. Sabuni na maua! Ile dawa ya kulainishia nguo, ya harufu ya waridi. Imeingia kwenye tango, imeingia kwenye mtindi, mpaka kwenye meno yangu. Baba watoto akaonja, akalamba midomo, akasema hii sasa ndiyo safi. Akacheka mpaka akakohoa. Nimemnyima chai.

Nani mwingine angefanya kosa hili kama si dobi?

Nikampigia binti yangu, nilitaka tucheke wote. Kacheka kidogo. Nasikia anaandika kwenye kompyuta huku anacheka. Kisha akasema, Mama, Jumamosi saa nane dereva atakuja kuchukua bakuli.

Kuchukua bakuli.

Nikasema sawa mwanangu.

Alhamisi, 7 Machi

Nimeunguza foronya leo. Yenye herufi za hoteli, na katikati kabisa! Mwenye dobi kaiinua kwenye mwanga, kaniangalia kupitia lile tundu, karudi ofisini kwake. Afadhali angegomba.

Sababu naijua. Wacha niandike, nani atasoma daftari la kuandikia shuka za wateja.

Mwaka jana nilikwenda kwa binti yangu siku moja, wakaja watu wa kazini. Mimi kukaa mikono mitupu siwezi. Nikakusanya sahani, nikaosha glasi, nikapita na maji. Bosi wake, yule mama wa miwani ya dhahabu, akaniita, dada, niongezee. Nikamwongezea. Akamgeukia binti yangu, akasema una bahati wewe, wa kwako anajituma, wangu kutwa yuko kwenye simu.

Binti yangu alikuwa amesimama pale pale, hatua mbili. Akasema, karibuni sambusa.

Basi. Karibuni sambusa.

Mimi nikarudi jikoni nikaosha hata vyombo vilivyokuwa safi. Hatujawahi kuliongea. Anajua kwamba najua. Na najua linamla, maana tangu siku ile ananinunulia viatu ovyo ovyo, jozi ya nne hii. Sasa bosi yule yule anakuja Jumamosi. Nikikaa kitini kama mgeni, mtoto atamwambia mimi ni nani? Mamangu? Na siku ile nilikuwa nani?

Sina hasira naye. Nina hasira na — sijui. Na matango.

Mama Mvuke kasema nisipeleke kitu, akachovye mate yake. Nikamwambia funga mdomo, huyu aliugua surua nikambeba siku tisa. Akasema, ndiyo ninachosema mimi, shoga, siku tisa! Nikamgeuzia mgongo. Tumepiga pasi hivyo hivyo mpaka saa kumi.

Ijumaa, 8 Machi

Kitambaa nimekichemsha mara tatu kwa maji matupu, nikakianika, nikakinusa mpaka jirani akauliza kama nina mafua. Hakina kitu. Nikafanya sosi ya tatu.

Imekubali! Mnanaa unapita kwanza, halafu limau, halafu kitunguu saumu kwa mbali kama mtu anayebisha hodi. Baba watoto kachukua mkate, kachovya, kachovya, hakutania hata neno moja. Hapo nikajua.

Lakini niliacha kidogo kwenye kikombe nione. Baada ya saa mbili maji yakaanza tena pembeni. Machache, ila yapo. Tango hata ulikamue vipi lina lake la mwisho. Kwa hiyo sosi hii inachanganywa pale pale, wageni wanavua viatu. Si kabla.

Nikampigia. Nikamweleza vizuri, taratibu, kwamba lazima awepo mtu wa kuichanganya huko huko. Kisha nikanyamaza. Nilimwachia mlango wazi kabisa, angeingia hata na kabati.

Namsikia anapumua.

Akasema, nifungie kila kitu kivyake Mama, nitachanganya mwenyewe. Halafu haraka haraka: utachoka bure, watu wenyewe ni mazungumzo ya ofisi tu, hata mimi yananichosha.

Nikauliza, chumvi unaijua kipimo chake? Akasema si ipo kwenye maelezo.

Maelezo! Maelezo yanajua nini! Maelezo yalisema tango moja la wastani — wastani wa nani? Na mtoto mwenyewe tangu mdogo hutia chumvi kama anafukuza konokono!

Nimemwambia baba watoto yote, na lile la mwaka jana pia. Lilikuwa halijamfika. Alivua miwani yake, akaifuta. Baadaye akasema, kwani ukienda watakufanya nini? Watakuchovya wewe?

Nilicheka huku natokwa na machozi, nikasingizia kitunguu.

Jumamosi, 9 Machi

Saa sita. Makopo manne tayari. Tango lililokamuliwa. Mtindi na krimu. Majani, nimeyakata na kuyafunika kwa kitambaa kibichi. Kitunguu saumu na limau. Chumvi nimeipima mwenyewe, nimeifunga kwenye karatasi, nimeandika juu YOTE, USIONGEZE.

Nimeoga. Nimevaa gauni la bluu, nimelinyoosha mwenyewe, mikunjo inakata kidole. Sijui nimelivaa la nini. La dereva?

Saa nane kasoro robo. Kawahi! Mtu mzima, ana kofia. Kaamkia, kasema kaagizwa bakuli. Kisha kaniangalia, gauni, viatu. Akasema, au na mama tunakwenda naye?

Baba watoto alikuwa kwenye kiti chake. Kajifanya anatafuta rimoti, na rimoti kaikalia.

Nikasikia mdomo wangu unasema: bila mimi haichanganyiki.

Saa nane na nusu. Ndani ya gari, kiti cha nyuma. Foleni. Kapu la makopo liko miguuni, bakuli mapajani, naandikia juu ya mfuniko, herufi zinaruka. Moyo unakwenda kama mashine yenye shuka upande mmoja. Dereva anapenda maneno. Kauliza kama mimi ndiye mpishi. Hapana. Kauliza basi pale ni nani. Nikasema mimi ndiye mama wa mwenye nyumba — mama yake! Nimemzaa! Ilitoka kwa sauti kubwa mno, mpaka kaniangalia kwenye kioo. Akasema hongera mama. Hajauliza tena.

Simu. Ni yeye.

Nimeiacha ikakata. Imelia tena. Nimepokea, nimeiweka kitini ikiwa kwenye spika, mkono mmoja umeshika bakuli, mwingine kalamu.

Kauliza kama nimeshampa dereva. Nimesema nimempa. Vyote? Nikasema vyote mwanangu, na mimi nimo.

Nyuma yake nasikia sahani, watu wanacheka, na ile sauti ya bosi, naijua, inauliza sosi ya kuchovya iko wapi. Binti yangu kamwambia inakuja. Bosi kauliza inatoka wapi.

Halafu kaniambia mimi, kwa sauti ndogo: Mama, usikate. Ngoja.

Sijakata. Kelele za wageni zimepungua, kama mlango umefungwa. Nasikia viatu. Anashuka ngazi, na hashuki polepole.

Tumefika getini. Dereva anauliza aingize gari ndani au anishushie hapa nje. Nimemwambia ngoja baba. Ngoja kwanza nisikie.